Ndoa ya Kutoroka Nayo Ina Mshenga Wake

Wiki hii ninayo hadithi ndefu kidogo, nawaombeni mnivumilie. Imeanzia barazani kwangu, ikaenda Uingereza, ikarudi Unguja, na mpaka leo haijaniacha.

Jumapili mbili zilizopita alikuja nyumbani binti wa kaka yangu mkubwa. "Shikamoo baba mdogo," akaniamkia, akakaa, akanywa chai, akauliza habari za mgongo wangu na habari za kuku wangu. Alipofika kwenye kuku nikajua kwamba ana jambo. Nikamwambia, "Mwanangu, kuku hawajambo. Sema lililokuleta."

Akasema. Ana miaka 29, ana kazi yake, na ana mchumba ambaye sote tunamfahamu. Barua ya posa ililetwa tangu mwaka jana, ikiwa na heshima zake zote. Kaka yangu aliipokea, akaisoma, akaifungia kabatini, na hakuijibu. Sababu yake haijifichi: kijana ni wa dini nyingine. Sasa vijana wamechoka kusubiri. Wameamua kwenda kufunga ndoa Unguja, kwenye hoteli moja ya pwani ya mashariki, wao wawili na mashahidi wawili, basi. Hakuna kamati, hakuna michango, hakuna kadi. Kuna maua, chakula cha jioni mchangani, mpiga picha, na boti ya kuwapeleka kutazama jua likitua. Kwa kazi hiyo kuna watu maalumu, wapangaji wa harusi, na watatu walikwisha kumtumia bei zao. Bei ya yule wa kwanza ingenunua gari dogo lililotumika.

"Baba mdogo," akasema, "nichagulie mmoja katika hawa watatu. Wewe una macho ya watu. Na tafadhali, baba asijue."

Wasikilizaji, ninyi mnaojua mila zetu mtaelewa uzito wa maneno hayo. Baba mdogo ndiye anayekaa mkekani kupokea posa ya binti wa nduguye. Leo ananiambia nichague wa kumtorosha. Nilimwomba wiki mbili za kufikiri. Na kwa kuwa mimi nikikwama hukimbilia vitabu vya historia, ndiko nilikokwenda. Nilitaka kujua: hawa watu wanaopanga ndoa za kutoroka wametoka wapi, na waliowatangulia waliwafanyia nini wateja wao?

Hebu twende London, miaka ya 1700. Mjini humo palikuwa na gereza la wadaiwa lililoitwa Fleet. Miongoni mwa waliofungwa kwa madeni walikuwamo makasisi, na kasisi, hata akiwa mfungwa, ni kasisi. Basi wakaanza kufungisha ndoa humo gerezani na katika vilabu vya pombe vya mtaa ule, bila tangazo, bila mzazi, bila maswali. Nje walisimama wapiga debe, hasa kama wale wa stendi zetu, wakiwavuta wapita njia: bwana, bibi, mnataka kuoana? Ndoa zilizofungwa namna hiyo zilifika makumi ya maelfu. Nyingine zilikuwa za wapenzi wa kweli. Nyingine zilikuwa za baharia mlevi aliyeamka asubuhi ana mke asiyemjua, au za msichana mwenye urithi aliyenyweshwa pombe mpaka akakubali.

Serikali ikachoka. Mwaka 1753 Bunge likapitisha sheria iliyosukumwa na Lord Hardwicke, nayo ikaanza kutumika tarehe 25 Machi 1754. Ndoa itangazwe kanisani Jumapili tatu, au wachumba watafute kibali. Ifungwe kanisani, mbele ya mashahidi wawili, iandikwe katika daftari. Aliye chini ya miaka 21 asipate kibali bila ridhaa ya mzazi wake, na hata tangazo la kanisani mzazi aweze kulipinga. Wayahudi na Waquaker peke yao ndio walioachwa na utaratibu wao.

Lakini sheria ile ilikuwa na ukuta upande mmoja tu. Haikugusa Uskoti. Kule ilitosha msichana aliyetimiza miaka 12 na mvulana aliyetimiza miaka 14 kusema kwa hiari yao kwamba tangu sasa ni mume na mke, na kuwe na watu wa kuthibitisha. Hawakuhitaji kasisi wala mzazi. Na kijiji kimojawapo cha kwanza mtu anapovuka mpaka kutoka Uingereza kwenda Uskoti, kiasi cha kilomita 16 kutoka mji wa Carlisle, ni kijiji kinachoitwa Gretna Green. Barabara nzuri ilipofika huko katika miaka ya 1770, biashara ikafunguka.

Hapo ndipo nilipowakuta niliokuwa nawatafuta. Waliofungisha ndoa Gretna Green waliitwa makasisi wa fuawe, kwa sababu ya karakana ya mhunzi iliyokuwa njia panda, na kwa sababu ya ile hadithi kwamba mhunzi huunganisha wapenzi juu ya fuawe kama anavyounganisha chuma na chuma. Ukweli ni kwamba wengi wao hawakuwa wahunzi, na makasisi ndiyo kabisa hawakuwa. Mmoja wa waliotia fora, Joseph Paisley, aliyefariki mwaka 1811, anasimuliwa kuwa mvuvi na muuza tumbaku. Mwingine, Robert Elliot, alitokea katika kazi za magari ya farasi, akamwoa mjukuu wa Paisley, akairithi kazi, na mwaka 1842 akatoa kitabu cha kumbukumbu zake, maana hata wakati ule siri za watu zilikuwa bidhaa.

Sasa sikilizeni namna mteja alivyopata kasisi wake. Wapenzi wametoka London, safari ya kilomita kama 500, usiku na mchana, wakibadilisha farasi kila kituo. Baba wa msichana yuko nyuma yao, pengine saa moja, pengine nusu saa. Wanafika Carlisle wamechoka, wamejaa vumbi, wana hofu. Je, hawa wana nafasi ya kulinganisha bei? Hawana. Anayechagua ni kijana anayeendesha farasi wa mwisho. Naye kijana huyo ana mapatano yake na mwenye nyumba ya wageni fulani, ambaye ana mapatano yake na kasisi fulani, na malipo yanagawanywa. Makundi yalishindana kuwanyang'anyana wateja barabarani. Bei nayo haikuandikwa popote. Kasisi alitazama nguo, akatazama gari, akatazama jinsi bwana anavyogeuka nyuma kuangalia barabara, akataja kiasi. Fundi seremala alilipa kidogo, mtoto wa bwana mkubwa akalipa mara nyingi zaidi, kwa maneno yaleyale machache.

Niliposoma hayo nilizichukua tena zile bei tatu za mtoto wetu. Yule wa kwanza, mwenye bei ya gari, alimwandikia kwamba nafasi ni chache, alipe nusu kabla ya Ijumaa. Nikacheka peke yangu. Nikasema, huyu ni kijana wa Carlisle, hajabadilika ila ameacha farasi.

Lakini tusiwasingizie watu wa Gretna kwamba walikuwa wevi tu. Wapo walionufaika nao. Mwaka 1782 palikuwa na tajiri mwenye benki jijini London, Robert Child, aliyekuwa na mtoto mmoja tu, binti aitwaye Sarah. John Fane, Lord wa Westmorland, alimtaka, na baba akakataa. Inasimuliwa kwamba siku moja mezani yule bwana alimwuliza Child: mzee, wewe ungempenda msichana na baba yake akakukatalia, ungefanyaje? Child, bila kujua anachimbiwa shimo, akajibu kwamba angemtorosha. Haukupita muda mrefu Sarah akatoroka naye kuelekea Gretna. Baba akawafukuza kwa magari ya farasi, na husimuliwa kwamba alipowakaribia, mkwe wake alimpiga risasi mmoja wa farasi wa mzee. Vijana wakavuka mpaka, wakaoana.

Hadithi hii wengi huishia hapo, kwenye vumbi na mbio, maana ndipo palipo patamu. Mimi nawaombeni twende mbele kidogo. Robert Child alifariki mwaka huohuo wa 1782. Kabla ya kufa alipanga wosia wake ili mali ile kubwa isimfikie mkwe wala mrithi wa cheo chake, bali iruke kizazi. Ikaja kumwangukia mjukuu wake wa kike, Sarah Sophia, ambaye alipokua aliolewa akawa Lady Jersey, na akashika nafasi kubwa katika benki ya babu yake. Na mwaka 1845 Lady Jersey, mjukuu wa baba aliyefukuza magari ya farasi na binti wa mama aliyetoroka, aliamka siku moja akakuta binti yake mwenyewe, Adela, ametoroka na ofisa wa jeshi. Wamekwenda wapi? Gretna Green. Ndugu zangu, mchimba kisima mwache achimbe, maji yatawafikia wajukuu.

Upo pia upande wa giza, na huo sitaupita haraka. Mwaka 1826 palikuwa na mtu aitwaye Edward Gibbon Wakefield, mjane wa miaka 29. Miaka kumi nyuma alikuwa amemtorosha binti tajiri akafaidi mali, na sasa alitaka kurudia. Alimchagua Ellen Turner, mtoto wa miaka 15, binti wa tajiri mwenye viwanda vya nguo huko Cheshire. Hakuwahi kuonana naye. Ilipelekwa shuleni barua ya uongo kwamba mama yake mtoto ni mgonjwa, gari likamchukua. Njiani akaambiwa kwamba benki imeanguka, baba yake amefilisika na anakimbia wadai, na kwamba njia pekee ya kumwokoa ni yeye kuolewa na bwana huyu. Mtoto akakubali kwa ajili ya baba yake. Wakafika Gretna. Kasisi wa fuawe aliyekuwapo, David Laing, akauliza maswali yake mawili matatu, akapokea malipo, akaandika cheti.

Hapo nilifunga kitabu kwa muda. Maana David Laing hakumteka mtoto, na uongo wa benki hakuutunga yeye. Alifanya kazi yake tu. Aliletewa mtoto wa miaka 15 na mtu mzima mwenye haraka, na kitu pekee alichotaka kujua ni kama wanakubali na kama wanalipa. Ndugu wa baba yake walimkuta Ellen Calais, Ufaransa, wakamrudisha. Mwaka 1827 Wakefield na nduguye walihukumiwa kifungo cha miaka mitatu kila mmoja, na Bunge likaivunja ndoa ile kwa sheria maalumu. Laing, mzee tayari, aliitwa kutoa ushahidi huko Lancaster, na inasimuliwa kwamba baridi ya safari ile ndiyo iliyomwua mwaka huohuo. Wakefield alipotoka gerezani akawa mtu mashuhuri katika mipango ya kuwapeleka Waingereza kuhamia Australia Kusini na New Zealand. Na Ellen? Aliolewa tena, kwa heshima, akafariki mwaka 1831 katika uzazi. Alikuwa na miaka 19.

Mwaka 1856 sheria iliyobeba jina la Lord Brougham iliweka sharti kwamba mmoja wa wachumba awe amekaa Uskoti siku 21 kabla ya ndoa. Siku 21 zinatosha baba kufika hata kwa miguu, kwa hiyo mbio zile zikapungua sana. Na Brougham huyohuyo, mwaka 1819, alikuwa amefunga ndoa yake kimyakimya huko Coldstream, upande wa pili wa mpaka uleule. Aliufunga mlango alioupitia mwenyewe. Tarehe 1 Julai 1940 ndoa za kutamka tu mbele ya mtu yeyote zilikomeshwa kabisa. Gretna Green haikufa. Mpaka sasa maelfu ya wachumba huenda kuoana huko kila mwaka, lakini kwa utaratibu wa sheria, na taarifa hutolewa mapema. Fuawe imebaki kuwa ya kupigia picha.

Sasa turudi nyumbani, maana pwani yetu nayo ina hadithi yake, na kwangu ni kubwa kuliko ya Gretna. Sayyida Salme, binti wa Sultan Said, alizaliwa Unguja mwaka 1844, katika jumba la Mtoni. Alijifundisha kuandika kwa siri, jambo lisilotarajiwa kwa mtoto wa kike wa jumba lile. Baada ya wazazi wake kufariki alihamia mjini, na jirani yake akawa Heinrich Ruete, mfanyabiashara Mjerumani kutoka Hamburg. Nyumba za Mji Mkongwe mnazijua: dari inatazama dari, dirisha linatazama dirisha. Wakapendana, na mwaka 1866 Salme akawa mjamzito.

Hapo hapakuwa na suala la posa. Mwanamke Mwislamu, binti wa Sultani, dada wa Sultan Majid aliyekuwa anatawala, na mwanamume Mkristo wa Ulaya. Ilikuwa ni kutoroka au kufa. Nani alimpangia safari? Aliyemsaidia ni bibi mmoja wa Kiingereza, mke wa Daktari Seward aliyekuwa akikaimu ubalozi mdogo wa Uingereza. Na chombo kilikuwa manowari ya Uingereza, Highflyer. Mwezi Agosti 1866, usiku wa sherehe za Mwaka, wanawake wanapoteremka pwani kuoga kama ilivyokuwa desturi, Salme naye aliteremka pwani. Wenzake wakarudi majumbani. Yeye akaingia mashuani.

Alipelekwa Aden, akapokewa na familia ya mfanyabiashara Mhispania aliyewahi kuishi Unguja. Huko akajifungua mtoto wa kiume. Ruete alibaki Unguja miezi mingi akimaliza biashara zake. Tarehe 30 Mei 1867 alikuwa amefika Aden, na siku hiyo moja Salme alibatizwa kwa jina la Emily, akafunga ndoa, akapanda meli kwenda Ulaya. Mtoto wao hakuuona mwaka wa pili. Alifariki katika mwaka huohuo wa 1867. Huko Hamburg walizaa watoto watatu wengine. Mwezi Agosti 1870 Ruete aligongwa na tramu akafa. Salme akabaki, ana miaka 26 hivi, katika mji wa baridi, na watoto watatu, na lugha aliyoanza kujifunza juzi.

Mali yake ya Unguja alikuwa ameipoteza kwa kubadili dini. Alirudi mwaka 1885, Wajerumani walipomleta kwa manowari zao na kwa hesabu zao za siasa, na ndugu yake Sultan Barghash akakataa kumpokea. Akajaribu tena mwaka 1888, vilevile. Kitabu cha maisha yake kilitoka mwaka 1886 kwa Kijerumani. Alifariki mwaka 1924 mjini Jena, na inasimuliwa kwamba miongoni mwa vitu vyake ulikutwa mfuko wa mchanga wa pwani ya Unguja, akazikwa nao.

Simlaumu Bibi Seward. Pengine aliokoa maisha ya mtu. Wala simlaumu nahodha. Lakini tazameni: kila mmoja katika waliopanga safari ile alimfikisha Salme mahali fulani, akarudi kwenye shughuli zake. Hapakuwa na hata mmoja aliyeshughulikia njia ya kurudi. Miaka 58 mwanamke yule aliishi na kile ambacho wapangaji hawakukipanga.

Labda mtasema, mzee, umekwenda mbali, hawa wa leo wanatafuta maua na mpiga picha tu. Basi niwaambie jambo langu mwenyewe. Mwaka 1984 nilikuwa shahidi wa ndoa ya siri. Rafiki yangu na mchumba wake walikataliwa pande zote mbili, wakaamua kufunga ndoa bomani. Mimi ndiye niliyekuwa mshenga, mpangaji, mpishi na dereva wa baiskeli. Asubuhi ile shahidi wa pili hakutokea. Tukamkuta mtu ukumbini, amekuja kwa shida zake nyingine, tukamwomba asaini, tukamnunulia soda. Tulicheka sana siku ile.

Mwaka 1997 rafiki yangu akafa ghafla. Kabla ya arobaini ndugu zake walikuja kumwambia yule mama kwamba yeye hakuwa mke, alikuwa mgeni tu. Cheti kilikuwa katika sanduku, na sanduku lilikwisha kuondoka na hao ndugu. Nikaitwa mahakamani. Hakimu akauliza, shahidi wa pili yuko wapi? Wasikilizaji, yule bwana wa soda tungempata wapi? Jina lake lenyewe sikulikumbuka. Kilichomwokoa mama yule ni daftari la bomani, lililofunguliwa baada ya miezi ya nenda-rudi, na jina likaonekana. Watu wa Gretna mashahidi wao walikuwa wachunga farasi na watumishi wa nyumba za wageni, na madaftari yao yalikuwa mali binafsi ya makasisi, mengi yakapotea. Niliposoma hayo sikucheka. Nilimwona mama yule amekaa kwenye benchi la mahakama, amejitanda kanga yake nyeusi.

Kwa hiyo mtoto wetu aliporudi nilimpa maswali matatu ya kuwauliza wapangaji wake. La kwanza: nani ataiandikisha ndoa hii, na katika daftari gani? Sheria yetu ya Ndoa ya mwaka 1971 inataka taarifa itolewe siku 21 kabla, mwenye pingamizi apate nafasi ya kulileta. Ndiyo, siku 21 zilezile. Tena sheria hiyo ni ya Tanzania Bara, Zanzibar ina sheria na taratibu zake. La pili: analipwa na nani? Na wewe tu, au pia na hoteli, mwenye boti na muuza maua? La tatu: mashahidi ni akina nani, na miaka ishirini ijayo watapatikana?

Yule wa bei ya gari alijibu kwamba mashahidi si tatizo, hoteli ina wahudumu. Wa pili alisema karatasi zitashughulikiwa baadaye, na hakujua kama sheria ya Bara inafika Unguja au haifiki. Wa tatu ni mama mmoja wa makamo, ambaye picha zake hazikuwa nzuri kama za wenzake. Alisema fungeni ndoa yenu ya kiserikali hapa Dar es Salaam kwa utaratibu wote, mpate cheti, kisha njooni pwani nami nitawafanyia sherehe. Juu ya malipo alisema wazi kwamba hoteli humpa kitu kidogo, akataja ni kiasi gani. Halafu na yeye akauliza swali lake: "Nyumbani wanajua?"

Nikamwambia mtoto, mpangaji wako ni huyo.

Akafurahi. Akasema, "Basi baba mdogo, wewe uwe shahidi wangu wa kwanza." Nikamjibu kwamba nitakuwa, kwa moyo mmoja, lakini sitatia saini kabla hajamwambia baba yake kwa kinywa chake mwenyewe. Si kumwomba ruhusa, maana kwa umri wake sheria haimtaki ruhusa. Kumwambia tu. Alilia kidogo. Akasema, akikataa je? Nikasema, akikataa utakuwa umekwenda huku njia ya kurudi umeiacha wazi.

Tulikwenda wote wawili Jumatano jioni. Alisema maneno yake vizuri, bila kupandisha sauti, na mimi sikuongeza hata moja. Kaka yangu alikaa kimya muda mrefu. Kisha akasimama, akafungua kabati, akaitoa ile barua ya posa, akaitazama pande zote mbili kama mtu anayetafuta kitu alichosahau kukisoma. Akauliza, "Mashahidi ni wangapi?"

"Wawili, baba."

"Wa kwanza ni huyu?"

"Ndiyo, baba."

"Na wa pili?"

"Bado, baba."

Hakusema neno jingine. Lakini barua hakuirudisha kabatini. Aliiweka juu ya meza, karibu na miwani yake, na mpaka leo ninapozungumza nanyi iko hapo. Siku 21 zimeanza kuhesabiwa tangu juzi, na nafasi ya shahidi wa pili bado iko wazi.

Hadi wiki ijayo, kwaherini.